Jicho ni Shahidi, Akili ni Kadhi

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake. Ama baada ya hayo:

Katika darasa zetu limezuka suala ambalo kwa juu laonekana ni la wanavyuoni peke yao, kumbe ni la kila mwenye macho na masikio. Suala lenyewe ni hili: mtu asemapo, "Nimeona kwa macho yangu," je, maneno hayo yatosha kuwa hoja? Na yakidhihiri kuwa si kweli, lawama ni ya nani: ni ya jicho lililomkhadaa, au ni yake yeye mwenyewe? Suala hili ni kubwa, kwani juu yake husimama nikaha na talaka, saumu na idi, heshima za watu na hata roho zao. Kwa hivyo tumeona yatupasa kulieleza katika kurasa hizi, kwa kuifuata njia ya wanavyuoni wetu wa kale walioandika juu ya hisi na akili, na jinsi moja inavyoitumikia nyingine.

Jibu letu twalitanguliza kwa ufupi. Jicho ni shahidi, na akili ni kadhi. Shahidi hutoa alichonacho, hana zaidi. Hukumu ikipotoka, mwenye makosa ni kadhi aliyehukumu kabla ya kumsikiliza shahidi wake vizuri, au aliyemsingizia shahidi maneno ambayo hakuyasema.

Na tuitazame kwanza lugha yetu wenyewe, ambayo mara nyingi husema hikima nasi tusiizingatie. Waswahili huziita hisi tano "milango ya fahamu". Ni milango, si nyumba. Mlangoni hupita mgeni mwema na hupita mwizi, na mwenye nyumba ndiye apasaye kutazama ni nani aingiaye. Tena lugha yetu yatumia neno moja, "kuona", kwa kazi ya jicho na kwa kazi ya akili. Mtu huona jahazi likiingia bandarini, na huona kwamba bei ya nazi itapanda. Tumtakapo mwenzetu shauri humwambia, "Waonaje?" wala hatumuulizi khabari ya macho yake. Vivyo hivyo "kusikia": twasikia adhana, twasikia harufu ya udi, twasikia maumivu, na mtoto asiyemtii mamake husemwa kuwa hasikii, hali masikio yake ni mazima. Lugha imeyafunga pamoja mambo mawili haya kwa kuwa katika maisha ya kila siku huja pamoja, wala mtu hapati nafasi ya kuyatenganisha. Lakini yaliyofungamana ulimini si lazima yabaki yamefungamana akilini, khasa siku ambayo mtu ataka kutoa ushahidi juu ya mwenziwe.

Kurani Tukufu nayo imeyataja mambo haya kwa mpango wa ajabu. Katika Sura ya An-Nahl, aya ya 78, Mwenyezi Mungu atukumbusha kuwa tulizaliwa hali hatuna ilimu yoyote, kisha ataja neema tatu kwa kufuatana: kusikia, na kuona, na nyoyo. Na katika Sura ya Al-Israa, aya ya 36, yale yale matatu yatajwa tena kwa mpango ule ule, lakini safari hii si kwa kuhisabiwa neema, bali ni kwa kuulizwa siku ya hisabu. Tulichopewa kama zawadi ndicho tutakachoulizwa kama amana. Wala hatutaulizwa juu ya moyo peke yake tukaachiwa macho na masikio. Kila kimoja kina suala lake.

WALIYOYASEMA WANAVYUONI

Katika wanavyuoni walioliingia jambo hili kwa undani, wa kwanza tutakayemtaja ni Abu Ali al-Hasan bin al-Haytham, aliyezaliwa Basra mwaka 354 wa Hijra, yaani 965, akafariki Cairo yapata mwaka 1040. Kitabu chake Al-Manadhir, chenye juzuu saba, kilifasiriwa kwa Kilatini, na fasiri hiyo ikapigwa chapa Basel mwaka 1572, nao wanavyuoni wa Ulaya wakakisoma kwa muda mrefu. Kabla yake wako Wayunani wakubwa, kama Euclid na Ptolemy, waliosema kuwa jicho hutoa miale ikaenda kukigusa kitu. Ibn al-Haytham aliikataa kauli hiyo kwa hoja iliyo wazi: mtu akilikazia macho jua huumia, na maumivu hayo ni dalili kuwa kuna kitu kilichotoka nje kikaingia jichoni. Nuru ndiyo ijayo kwetu; jicho halitoki kwenda popote.

Lakini lililo kubwa zaidi kwa suala letu ni yale aliyoyasema katika juzuu ya pili. Aliyahisabu mambo 22 ambayo watu husema wameyaona: umbali, ukubwa, umbo, mwendo, utulivu, uzuri na mengineyo. Kisha akabainisha kuwa kwa hisi tupu jicho hupokea mawili tu, nuru na rangi. Yote yaliyobaki huja kwa kutambua, na kupambanua, na kupima kitu kwa kitu. Na kazi hiyo yapita kwa upesi hata mwenyewe hajui kuwa ameifanya. Akatoa mfano wa mtoto mdogo awekewaye matunda mawili ya namna moja, moja zuri kuliko la pili, naye akachagua lililo zuri. Mtoto huyo amekwisha linganisha na kuhukumu, hali hajui hata neno "kulinganisha" maana yake ni nini. Basi na mtu mzima ni hivyo hivyo: kila aonapo huwa amekwisha hukumu, naye adhani kuwa ametazama tu.

Anayetaka kulijaribu jambo hili asiende mbali. Na atoke nje usiku wa mwezi mpevu, autazame mwezi uchomozapo baharini; atauona ni mkubwa kama sinia. Kisha autazame usiku wa manane ukiwa utosini, atauona umepungua. Sasa na achukue punje ya mbaazi, aishike kwa ncha za vidole, anyoshe mkono wote, afumbe jicho moja, aupime mwezi nyakati zote mbili. Ataona kwamba punje ile ile yauziba mwezi ukiwa chini na yauziba ukiwa juu. Mwezi haukukua wala haukupungua. Ibn al-Haytham alieleza kwamba tofauti hiyo yatoka katika hukumu yetu juu ya umbali: upande wa upeo wa macho hudhani kuwa mwezi uko mbali zaidi, nasi twaukuza ndani ya nafsi zetu. Jicho lilileta khabari moja mara mbili. Sisi ndio tuliotoa hukumu mbili.

Madaktari wa zama hizi wamezidisha ushahidi juu ya hayo. Wameonyesha kwamba ndani ya kila jicho mna mahali ambapo mshipa wa kuonea watokea kwenda ubongoni, na hapo hapaoni kitu chochote. Nasi hatulioni tundu lolote mbele yetu, kwa sababu ubongo hulijaza pengo lile kwa kukisia kutokana na yaliyo kandokando. Basi hata aliye mzima wa macho, katika kila atazamapo kwa jicho moja, mna kipande ambacho hakukiona, amekitia mwenyewe.

Wa pili ni Abu Ali bin Sina, aliyezaliwa karibu na Bukhara mwaka 980 akafariki Hamadan mwaka 1037. Yeye alisema kwamba nyuma ya hisi tano za nje ziko nguvu za ndani zizipokeazo khabari. Iko ile izikusanyayo pamoja, ambayo kwayo, tukiona asali ya rangi ya manjano, twasema ni tamu kabla ya kuionja. Na kwayo kijinga cha moto kikizungushwa upesi gizani twaona duara, hali penye moto ni ncha moja tu. Iko ihifadhiyo sura za vitu vilivyokwisha ondoka. Iko ya kuunganisha na kupambanua. Iko ya kuhifadhi maana. Na katikati yao iko moja aliyoiita wahamu, nayo ndiyo tutakayo kuikalia kitako.

Wahamu ni ile nguvu ambayo kwayo kondoo amwona mbwa mwitu akakimbia. Jicho la kondoo limepokea rangi na umbo. Uadui hauna rangi wala umbo. Umetoka wapi? Umetiwa na wahamu, nayo imemwokoa. Kwa mnyama hiyo ndiyo kadhi wake mkubwa, hana aliye juu yake. Lakini mwanadamu amepewa akili iwe juu ya wahamu, na balaa huja pale chini inapotawala juu. Ibn Sina alitoa mifano miwili. Mtu huweza kuikataa asali kwa kuwa rangi yake yafanana na nyongo, ingawa ajua kuwa ni asali. Na mtu huweza kutembea juu ya ubao uliolazwa ardhini bila ya wasiwasi. Ubao ule ule ukiwekwa juu ya shimo refu, miguu humtetemeka, ingawa upana wake ni ule ule. Wazee wetu walilijua jambo hili wasilisome kitabuni, wakasema: mtafunwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Na Imam Ghazali, katika kitabu chake cha Usuli, Al-Mustasfa, aleta mfano ulio ndugu na huo, wa mtu aliyeumwa na nyoka akawa aiogopa kamba yenye madoadoa.

Madaktari wa leo hawaukubali mgawanyo wa Ibn Sina uliompa kila nguvu chumba chake ndani ya ubongo. Hilo halitudhuru. Hata nahodha aliyekosea jina la kisiwa huenda akawa ameusoma upepo vizuri.

Wa tatu ni huyo huyo Imam Abu Hamid al-Ghazali, aliyezaliwa Tus mwaka 450 wa Hijra akafariki mwaka 505. Katika Al-Munqidh asimulia jinsi alivyozitilia shaka hisi zake. Alikitazama kivuli akakiona kimesimama. Baada ya saa nzima akajua kwamba hakikusimama hata nukta moja. Mwadhini atazamaye kivuli cha fimbo apate kuijua Adhuhuri lajua hilo vyema. Akaitazama nyota akaiona ni ndogo kama dinari, na hisabu za wajuzi zamwambia kuwa ni kubwa kuliko ardhi. Basi hakimu wa akili akamsahihisha hakimu wa hisi. Lakini Imam hakukomea hapo kwa kujivuna. Aliuliza: ikiwa hisi zina wa kuzisahihisha, ni nani atakayeisahihisha akili? Alikaa karibu miezi miwili katika ugonjwa huo wa shaka, hata Mwenyezi Mungu akamponya kwa nuru aliyoitia kifuani mwake. Kwa hivyo asitokee mtu akachukua maneno yetu akaifanya akili kuwa mungu. Kadhi ana mamlaka juu ya mashahidi, na juu ya kadhi yuko aliyempa kazi.

Wala asitokee mwingine akazidharau hisi. Ibn Tufayl wa Andalusi, aliyefariki Marrakesh mwaka 1185, alitunga kisa cha Hayy bin Yaqdhan, kijana aliyelelewa na paa katika kisiwa kisicho na watu. Paa yule alipokufa, kijana alimtazama macho na masikio asione dhara yoyote, akajua kuwa kuna kitu kisichoonekana kilichoondoka. Kutoka hapo akapanda daraja baada ya daraja, kwa kutazama na kufikiri, hata akajua kuwa viumbe vina Muumba. Kitabu hicho Edward Pococke alikipiga chapa Oxford pamoja na fasiri ya Kilatini mwaka 1671. Mafunzo yake ni kwamba aliyetazama vizuri hafiki kwenye ukafiri. Afikaye huko ni aliyeacha kutazama nusu ya njia.

Huenda akasema msemaji, "Haya ni falsafa ya Wayunani, nasi yatuhusu nini?" Twamjibu kuwa Imam Ghazali mwenyewe, ambaye hakuna aliyewapiga wanafalsafa kama alivyowapiga yeye, alipofika katika Tahafut kwenye mlango wa nguvu hizi za hisi na za ndani, alisema kwamba hakuna humo jambo ambalo sharia yataka likanushwe. Na katika Ihyaa alizifananisha hisi na majasusi wa mfalme, kila mmoja ana sehemu yake, jicho kwa rangi na sikio kwa sauti, nao huzipeleka khabari kwa mkuu wa posta, naye huzifikisha kwa mfalme, ambaye ndiye moyo. Haki ni haki kwa ye yote atakayeisema.

KISA CHA IFKI

Sasa natuyatoe haya vitabuni tuyapeleke Madina. Hakuna kisa kiwezacho kutufunza suala hili kuliko kile cha uwongo aliozuliwa Mama wa Waumini, Bibi Aisha, Mwenyezi Mungu awe radhi naye.

Jeshi la Waislamu lilikuwa likirudi kutoka vita vya Banu al-Mustaliq. Bibi Aisha alikuwa ametoka kwa haja yake, akaangusha kidani, akarudi kukitafuta. Na watu wakalipandisha machela yake juu ya ngamia, wakidhani yumo ndani, wakaondoka. Aliporudi akakuta kambi haina mtu, akakaa pale pale. Safwan bin al-Mu'attal, aliyekuwa nyuma ya jeshi, akamkuta, akampigisha magoti ngamia wake, Bibi akapanda, naye akamwongoza kwa miguu hata wakalifikia jeshi mchana wa jua kali.

Natusimame hapa tuulize kama aulizavyo kadhi: macho ya watu yaliona nini? Yaliona ngamia. Yaliona mwanamke aliyepanda. Yaliona mwanamume aliyeshika hatamu akitembea mbele. Ushahidi wa macho umekwisha. Hapana neno zaidi. Yote yaliyosemwa baadaye, yaliyoiwasha Madina kwa muda wa mwezi, yakamliza mwanamke asiye na kosa mchana na usiku, yakamhuzunisha Mtume (S.A.W.) ndani ya nyumba yake, hakuna jicho hata moja lililoyaona. Yalitiwa na wahamu, na Abdullah bin Ubayy akayachochea, na ndimi zikayabeba. Wala hatudhani kwamba wote walioyabeba walijijua kuwa ni waongo. Wengine, wangeulizwa, wangeapa kuwa wameona.

Mwenyezi Mungu akateremsha kutakasika kwake katika Sura ya An-Nur, kuanzia aya ya 11. Katika watu wa siku zile, wako wawili ambao twataka wasomaji wetu wawakumbuke. Wa kwanza ni Abu Ayyub al-Ansari. Mkewe alipomtajia maneno yanayosemwa, alimuuliza kama yeye angeweza kulitenda jambo kama hilo. Akasema la. Akamwambia kuwa basi Aisha ni bora kuliko yeye. Huyo alitumia akili: aliipima khabari kwa kipimo alichokijua, akaikuta haisimami.

Wa pili ni Bibi Zainab binti Jahsh, mke mwenza. Yeye ndiye aliyekuwa akishindana na Bibi Aisha kwa daraja mbele ya Mtume, na Hamna, nduguye Bibi Zainab, alikuwa miongoni mwa walioyaeneza maneno. Wivu ulikuwa na kila sababu, na fursa ilikuwa mlangoni. Mtume (S.A.W.) alipomuuliza, alijibu kwamba yeye ayalinda masikio yake na macho yake, na kwamba hakujua kwa mwenziwe ila kheri. Mazingatio yote ya Ibn al-Haytham na Ibn Sina yamo katika jibu la mwanamke huyu mchamungu. Aliyalinda macho yake yasisingiziwe kuwa yameona ambalo hayakuliona. Sisi hudhani kuwa kulinda macho ni kuyainamisha yasitazame haramu, na hilo ni kweli. Lakini kuna kulinda kwa pili, nako ni kutoyapa ushahidi wa uwongo baada ya kutazama.

YA MJINI KWETU

Lugha yetu ina maneno mawili yaliyo jirani: kumwona mtu, na kumwonea mtu. Kati ya hayo mawili pana herufi moja tu, na wengi wetu huivuka hatua hiyo wasijue.

Amwonaye mtu mweusi sana, au mwenye nywele za namna fulani, au mwenye jina lisilofuatiwa na kabila kubwa, akamwamulia moyoni kuwa hafai kuoa kwao wala kukaa safu ya mbele, huyo ameikataa asali kwa kufanana na nyongo. Jicho lake lilimletea rangi. Unyonge haukuwa katika rangi ile, ameutia mwenyewe, kisha asema, "Mimi naona hivyo."

Na liko lililo zito kuliko hilo. Katika sehemu za Kilifi, hapa hapa pwani yetu, wazee wanaume na wanawake wameuawa katika miaka hii kwa kutuhumiwa uchawi, na wako ambao hawakuwa na dalili juu yao ila mvi za kichwani. Wengine khofu imewafikisha kuzitia nywele zao rangi nyeusi. Jicho limeshuhudia nini? Nywele nyeupe. Nywele nyeupe ni khabari ya umri, na Mtume wetu (S.A.W.) amefundisha kwamba kumheshimu Mwislamu mwenye mvi ni katika kumtukuza Mwenyezi Mungu. Wahamu imeichukua khabari hiyo ikaandika juu yake "mchawi"; na pengine nyuma ya wahamu pana shamba ambalo warithi wamechoka kulingojea. Wala hatuwaambii majirani zetu peke yao. Nani katika miji yetu asiyemjua ajuza ambaye watoto wamekatazwa kupita mlangoni kwake? Nani asiyejua mpiga ramli aliyemtajia mgonjwa jina la jirani yake? Mpiga ramli hana hata shahidi huyo mmoja dhaifu, jicho. Yeye ni kadhi ahukumuye bila ya shahidi, na aendaye kwake amekwenda kununua wahamu kwa fedha.

Ya tatu ni khabari zibebwazo na simu. Zamani maneno yalipita barazani, mtu akamjua aliyeyaanza. Leo picha na sauti hupita mikononi mwa maelfu kabla ya adhana ya pili, na hutengenezwa kwa mashine zikamwonyesha mtu akisema asilolisema. Basi tulifikiri kuwa jicho ni shahidi mwaminifu, sasa latiwa mbele yake kitu kisichokuwapo. Hukumu haikubadilika. Sura ya Al-Hujurat, aya ya 6, yataka khabari ya fasiki ichunguzwe kabla ya kuamuliwa kwayo, watu wasije wakadhuriwa kwa ujinga ikafuata majuto. Ikiwa fasiki mwenye jina na uso achunguzwa, je, isiyojulikana hata aliyeituma?

Huenda mtu akauliza, "Ikiwa wahamu hunijia bila ya khiari yangu, nitalaumiwaje?" Hili ni suala la haki. Miguu itetemekayo juu ya ubao haina dhambi. Imethubutu katika hadithi kwamba Mwenyezi Mungu ameusamehe umma huu kwa yale ambayo nafsi zawaza, maadamu hawakuyasema wala hawakuyatenda. Khofu ya kwanza si yako; neno la kwanza ni lako. Atetemekaye juu ya ubao ana udhuru, lakini hana udhuru wa kupiga kelele kuwa ubao umevunjika.

Wala asidhani mtu kuwa usalama ni kukataa kushuhudia kabisa, akasema, "Maadamu macho hukosea, mimi simo." Kuficha ushahidi kwatajwa katika Sura ya Al-Baqara, aya ya 283, kuwa ni dhambi ya moyo. Dini yetu imejengwa juu ya mashahidi, na asili ya neno lenyewe katika Kiarabu ni kuhudhuria na kuona. Kwa jambo la kumtuhumu mwanamke mtukufu imetaka mashahidi wanne, na asiyewaleta hupigwa bakora themanini wala ushahidi wake haukubaliwi tena. Sharia haikuyadharau macho. Imeyaheshimu hata ikakataa yasemewe uwongo.

Na namna ya kumsahihisha shahidi nayo ina adabu yake. Ibn Khallikan asimulia kwamba watu walitoka kuutafuta mwezi wa Ramadhani, na kati yao alikuwamo sahaba Anas bin Malik, naye amekaribia umri wa miaka mia. Akasema, "Nimeuona, ule pale," wala hakuna mwingine auonaye. Iyas bin Mu'awiya, ambaye baadaye alikuwa kadhi wa Basra, akamtazama, akaona unywele mweupe wa unyushi umepinda mbele ya jicho lake. Hakumwambia mzee kuwa amesema uwongo, wala kuwa amezeeka. Aliunyosha unywele ule kwa kidole, kisha akamwomba awaonyeshe tena mwezi ulipo. Anas akatazama, akasema hauoni. Tazameni uzuri wa pande zote mbili: kijana aliyetafuta sababu asitafute aibu, na sahaba mkubwa ambaye hakuona haya kusema hauoni baada ya kusema ameuona. Lau sisi tungekuwa na adabu hiyo, khitilafu zetu za kila mwaka juu ya mwezi mwandamo zisingetufikisha kukatana salamu.

Basi, ndugu zetu, kila mmoja wetu aapo kutaka kusema, "Nimeona," na ajiulize mambo matatu. Jicho langu limepokea nini hasa, ukiondoa yote niliyoyatia mimi? Hili nililolitia, nimelipata kwa dalili au kwa khofu, au kwa wivu, au kwa mazoea ya nyumbani kwetu? Na huyu nitakayemhukumu, je, nimemsikiliza? Asiyepata jibu katika matatu haya na ashike jibu la Bibi Zainab, ambalo halikumpunguzia kitu duniani, na lililomwokoa na moto uliomwunguza nduguye.

Twamwomba Mwenyezi Mungu atuonyeshe haki kuwa ni haki na atujaalie kuifuata, na atuonyeshe batili kuwa ni batili na atujaalie kuiepuka, na atuhifadhie masikio yetu, na macho yetu, na nyoyo zetu, hata siku ambayo vyote vitatu vitaulizwa. Wabillahi taufiq.